Mkorogo wa Wifi Monika

18 Novemba

Mvua ya kwanza imenyesha leo mchana, ile ya kulaza vumbi tu na kuondoka. Nilikuwa studio kwa Mzee Sixte, namfutia chunusi bibi harusi mmoja wa Nsemulwa kwenye kompyuta. Kazi yangu ndiyo hiyo. Watu wanaleta nyuso zao, mimi nazisafisha, wanaondoka na picha nzuri kuliko walivyokuja. Uso wangu mwenyewe ndio umenishinda. Kidevu kimejaa chunusi, na kila inayokauka inaacha doa jeusi.

Jioni wifi Monika amenikuta najitazama kwenye kioo cha sebuleni. Monika ni mke wa kaka yangu Arcade. Tunakaa watatu nyumba moja hapa Makanyagio, Mpanda, na tunapikia jiko moja, tangu nilipotoka kwa Mama kule Katumba kuja kutafuta kazi mjini. Arcade haonekani sana; anaendesha Fuso, anapeleka saruji Karema na kurudi na samaki wa ziwani. Monika anauza vipodozi hapo hapo sebuleni. Amenipa kopo dogo jeupe. Ubavuni ameandika kwa kalamu ya wino mzito: RETINOL.

"Wageni wako wanakuja lini, wifi?"

"Tarehe saba mwezi wa kumi na mbili."

"Basi watakuta uso kama yai. Hii Dar wote wanapaka. Asubuhi paka, jioni paka. Usibanie, mimi nipo."

Wageni ni ndugu zake Celestin, mwalimu wa sekondari kule Karema. Wanakuja kujitambulisha. Monika hakutaka nimlipe. Nimepokea kopo kwa mikono miwili.

20 Novemba

Inawasha. Monika anasema dawa ikiwasha ujue imeingia.

23 Novemba

Mashavu yanabanduka kama ganda la kitunguu. Monika kaniambia nisugue kwa sukari na limau ili itoke yote, chini kuna ngozi mpya. Nimesugua. Nimepaka tena juu yake.

27 Novemba

Mvua ilinyesha asubuhi kisha likatoka lile jua la kuchoma. Nilivuka barabara tu kwenda kununua maandazi, uso ukawaka kama nimeinamia karai la mafuta. Nikarudi nimejifunika kitenge. Mzee Sixte aliniletea maji ya mtungini.

1 Desemba

Nimemwambia Monika nataka kuacha.

"Ukiacha sasa ndiyo utaharibika kabisa," kasema. "Umeshafika katikati ya mto, wifi. Unarudi wapi?"

Nimepaka.

7 Desemba

Naandika ili nisije nikasahau hata neno moja.

Walikuja saa nne, mvua ikiwa inanyesha. Celestin, baba yake mdogo, na shangazi yake aliyevaa vitenge viwili. Walileta samaki, migebuka mikubwa iliyokaushwa, na katoni ya soda. Mama alikuwa ametoka Katumba tangu jana na kuku. Arcade alivaa shati jeupe. Kila kitu kilikuwa sawa ila mimi.

Uso wangu asubuhi ulikuwa umevimba. Mashavu mekundu, yamepasuka, yanatoa maji. Pembeni ya mdomo ngozi nyeusi kama iliyobabuliwa na moto. Mama aliponiona alishika kifua, akanifunga kanga kichwani akaishusha mpaka usawa wa macho. Monika alikuwa jikoni anakaanga vitumbua. Alinitazama mara moja tu, akageukia jiko.

Nilipoitwa kuwasalimia wageni niliingia nimeinama. Nikapiga magoti, nikatoa mkono. Shangazi yake Celestin hakuupokea. Aliishika kanga kwa vidole viwili, akaiinua.

"Huyu binti anaumwa nini?"

Mama akasema ni mafuta yamemkataa, yatapita. Yule shangazi akasema, kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anayeuliza bei ya mchele, "Kwetu tumeona magonjwa yanaanza hivihivi. Hatujaja kuchukua mgonjwa." Baba mdogo akakohoa. Nikamtazama Celestin. Alikuwa anasoma maandishi kwenye chupa ya soda.

Arcade akajaribu. "Jamani, ni vipodozi hivi vya kinamama. Mke wangu ndiye anauza, atawaeleza." Akamwita Monika.

Nilijua wifi ataniokoa. Angesema tu, ni krimu yangu, mimi ndiye niliyempa. Alikuja anafuta mikono kwenye kanga, akasimama mlangoni.

"Mimi nauza vitu vizuri," kasema. "Sijui yeye kachanganya na nini. Wasichana wa sasa wana pupa."

Wamesema watarudi mvua zikikatika. Hawakula kuku. Walikunywa soda wakaondoka.

Monika, umenisikia nikilia nawe ulikuwa unaosha sufuria. Nakwambia hapa, maana nikikwambia usoni nitakupiga: nitakulipa.

8 Desemba

Sikwenda misa. Jirani kaniambia Monika aliulizwa nje ya kanisa kuhusu mimi, akajibu, "Tunamwombea."

10 Desemba

Mzee Sixte amenisindikiza mwenyewe hospitali. Daktari wa ngozi anaitwa Maduhu, ni Msukuma mrefu anayeongea polepole kama mtu anayechagua maharage. Nilimwekea kopo mezani. Alilinusa, akachota kidogo kwa kijiti, akakitazama kwenye mwanga wa dirisha.

"Nani kakwambia hii ni retinol?"

"Wifi yangu."

"Inaweza kuwemo. Lakini huu ni mkorogo. Nadhani kuna dawa ya kuchubua humu, na krimu kali ya hospitali ambayo watu wanaitumia vibaya. Bila maabara siwezi kuapa."

Nikamuuliza kama retinol ni sumu. Akasema hapana, ni dawa nzuri kwa chunusi na madoa, ikiwa inajulikana ina nguvu kiasi gani, ikapakwa kidogo, jioni, kwenye ngozi isiyo na vidonda. Mimi nimepaka kitu kisichojulikana, kwa wingi, asubuhi na jioni, nikasugua na limau juu yake, nikatembea juani.

"Sasa unaacha. Uso utakasirika zaidi kwanza, majuma kadhaa. Hapo wengi wanarudi kwenye kopo. Wewe usirudi."

Kumbe Monika alisema kweli nusu: nikiacha nitaharibika. Nusu nyingine hakuisema, au hakuijua.

Amenipa dawa ya vidonda. Mengine aliyoniagiza ni madogo mpaka nikahisi ananidharau. Nioshe kwa maji ya uvuguvugu na sabuni laini isiyo na manukato, kwa vidole, bila dodoki. Nikaushe kwa kugusagusa na kitambaa laini. Uso ukiwa bado una unyevu nipake mafuta mepesi yasiyo na harufu. Vidonda vikifunga niongeze mafuta ya kukinga jua kila asubuhi, hata siku ya mawingu, na kofia.

"Basi?"

"Basi. Ngozi iliyoungua haitaki ufundi."

14 Desemba

Uso umekasirika kweli kama alivyosema. Mvua. Nimeosha, nimepaka mafuta, nimejifungia chumbani.

19 Desemba

Leo niliona kopo lingine la Monika dirishani, mkono ukawa unakwenda wenyewe. Nikamkumbuka pale mlangoni na kanga yake. Chuki imenisaidia kuliko dawa.

25 Desemba

Krismasi Katumba kwa Mama. Mahindi yamefika magotini. Mama kanihudumia kama mtoto, ananiwekea maji ya kunawa. Ananiambia Monika ni mke wa kaka yangu, amekaa miaka minne bila mtoto, watu wanamsema, nisimwongezee. Mama hakumwona akisimama mlangoni? Alimwona.

6 Januari

Vidonda vimefunga. Ngozi bado ina mabaka. Nimerudi studio na kofia pana ya majani. Mzee Sixte anasema nafanana na mlinzi wa mizinga ya nyuki kule Ugalla. Nimecheka kwa mara ya kwanza tangu wageni waje.

Celestin hapigi simu. Nikituma ujumbe anajibu "poa".

11 Januari

Leo nimeshindwa hata kukaa.

Mteja alikuja kupiga picha ya pasipoti, akaniangalia sana, akasema, "Dada, si wewe uko kwenye stetasi ya Monika?" Akanionyesha simu yake. Picha mbili zimeunganishwa. Upande wa kushoto, KABLA: uso wangu wa Desemba, umevimba, unatoa maji, macho yamezibwa kwa mstari mweusi. Alinipiga lini? Nafikiri siku moja ya Desemba nilipolala na homa. Upande wa kulia, BAADA: mimi wa Pasaka iliyopita, gauni la njano, picha aliyonipiga Mzee Sixte kabla sijagusa hilo kopo. Chini ameandika: Retinol ya Monika, matokeo ndani ya mwezi.

Amenichoma, kisha anauza moto wenyewe kwa picha yangu.

Nilirudi nikamkuta anapakia vikopo. Nikamwonyesha.

"Wifi, si nimekuziba macho," kasema. "Na biashara ikikaa vizuri si tunakula wote?"

"Futa."

"Nitafuta."

Hajafuta. Nimeamua sitamwambia tena. Mtu anayeambiwa anajiandaa.

15 Januari

Nimempata wa kwanza, mteja wa Monika aliyeungua kama mimi. Immaculata, anauza nyanya sokoni, anafunga mtandio mpaka puani. Alipoufungua nilikuwa kama najitazama. Mume wake anamwambia kaleta ukurutu kwa watoto. Nikamuuliza kama atakubali nimpige picha. Kasema, "Piga na za karibu."

18 Januari

Wa pili ni Marta, mhudumu wa hoteli ya stendi. Walimhamishia jikoni ili wateja wasimwone. Naye nimempiga picha. Sisafishi kitu kwenye picha hizi. Kila kovu liko palepale.

22 Januari

Monika amepata fremu ya duka pale sokoni. Anapaka rangi ya waridi, anaimba. Atafungua mwezi wa tatu. Nimemwambia hongera. Nimemsaidia hata kushika ngazi.

Nataka afungue kwanza. Nataka watu wajae, wale keki, wapige vigelegele, ndipo mimi na Immaculata na Marta tuingie na nyuso zetu na picha zetu kubwa. Nataka akose pa kuuficha uso wake kama mimi nilivyokosa. Tangu nianze kupanga hivi ninalala vizuri.

3 Februari

Daktari Maduhu ameugusa uso wangu kwa mgongo wa kidole, akasema sasa ngozi imetulia. Yamebaki madoa, na chunusi zimeanza kurudi kidevuni. Akasema sasa tunaweza kujaribu retinol yenyewe, ya dukani, nguvu ndogo, yenye karatasi ya maelezo.

Nilikataa kabla hajamaliza. Kisha akasema, "Unaikasirikia dawa kwa kosa la mtu."

Nimekubali. Anataka niijaribu kwanza nyuma ya taya kwa siku chache. Ikikaa vizuri, jioni mbili kwa juma, siyo zaidi mpaka aseme. Uso uwe umeoshwa na umekauka kabisa. Mafuta yangu mepesi kwanza, halafu retinol kiasi cha punje ya njegere kwa uso mzima, mbali na macho na pembe za mdomo, halafu mafuta tena juu. Asubuhi kinga ya jua bila kukosa. Limau na sukari nisiguse. Ikichoma, napumzika.

Halafu akaniuliza kama nina mimba au natafuta.

"Sina hata mchumba, daktari."

"Nauliza kila mwanamke. Ya kupaka tunaikataza kwa tahadhari. Lakini kuna ndugu zake wa kumeza, vidonge vya chunusi sugu. Hivyo vinaharibu mtoto tumboni. Moyo, kichwa, masikio. Mwanamke hapewi bila kupimwa mimba na bila kinga. Hata kimoja hatuandiki kwa kubahatisha."

Nikasema sawa. Nilikuwa nawaza fremu ya waridi.

9 Februari

Monika ana mimba.

Ametuambia mezani, yeye na Arcade wameshikana mikono kama watoto. Kampigia Mama simu, Mama kalia. Arcade alinibeba mimi juu, wala siyo mkewe. "Utaitwa shangazi, Odeta." Nimefurahi kwa ajili ya kaka yangu. Kwa ajili yake yeye sikuona kitu moyoni.

10 Februari

Arcade kaondoka kwenda Karema. Mvua haikatiki.

12 Februari

Asubuhi nilikuwa nachemsha maji. Monika akaja jikoni, uso umejaa chunusi mpya, za mimba, kidevu na paji lote. Alikuwa na hasira nazo.

"Naenda kufungua duka na uso huu? Nani atanunua?"

Akatoa kifuko cha nailoni kwenye sidiria, ndani vidonge laini vya rangi ya asali. Akameza kimoja na uji.

"Nini hicho?"

"Retinol ya kumeza. Kuna dada ananiletea kutoka ng'ambo ya ziwa, wanashusha Karema. Nimeanza juzi. Hii ndiyo kiboko, inakausha chunusi zote. Nikishaona imenikubali nitaiuza."

Maji yalichemka yakamwagika motoni. Yeye ndiye aliyeyaondoa.

Kila neno la daktari nililikumbuka. Nikaenda kazini.

13 Februari

Mvua. Kameza. Sijasema.

14 Februari

Kameza. Kaniuliza kama midomo yake imekauka. Nimesema kidogo. Sijasema mengine.

15 Februari

Siku nzima nilijiambia labda siyo vidonge vile. Labda ni mafuta ya samaki. Mimi siyo daktari. Yeye alipokuwa ananipa kifo cha uso wangu aliuliza daktari?

Sijasema.

16 Februari

Jumapili. Padri kahubiri, sijui nini. Monika kakaa benchi la mbele na gauni la kulegea ingawa tumbo bado. Wanawake walikuwa wanamgusa. Wale wale waliomwita tasa. Nilimwona anafuta machozi, nikapata wazo ambalo sikulitaka: huyu mtu alipokuwa mlangoni siku ile alikuwa anaogopa. Aliniogopea mimi kidogo na biashara yake sana, lakini alikuwa anaogopa. Sijui kwa nini nimeliona leo.

Sijasema.

17 Februari

Nimechukua kidonge kimoja mezani alipokwenda bafuni. Nimekipeleka kwa Daktari Maduhu. Alikigeuza, akasoma maandishi madogo ubavuni, akaenda kuangalia kwenye kompyuta yake. Aliporudi hakukaa.

"Nani anameza hivi?"

"Mtu."

"Ana mimba?"

Nikaigeuza kofia mkononi.

"Dada Odeta. Ana mimba?"

"Ndiyo."

"Tangu lini anameza?"

"Nimejua tangu Jumatano."

Hakunigombeza. Afadhali angenigombeza. Alisema, "Aache leo hii, aje hapa leo au kesho asubuhi. Sitakuuliza ulikuwa unangoja nini."

Nilirudi kwa miguu kwenye mvua, kofia mkononi. Nilikuwa nangoja nini? Nilitaka Monika alipe. Aangushwe, achekwe, alie. Hayo bado nayataka, ninapoandika hapa nayataka. Lakini anayelipa ni yule aliyeko tumboni, na yeye hakunipa kopo.

Nilimkuta anapanga vikopo kwenye boksi.

"Wifi, acha vile vidonge. Nimetoka hospitali. Vinaharibu mtoto."

Akacheka kwa pua.

"Nilikuwa nasubiri," kasema. "Nilijua hutalala mpaka umenipata. Sasa umenifuata mpaka tumboni?"

"Monika, nakuchukia. Unajua nakuchukia. Ndiyo maana nakwambia, sina sababu ya kukufurahisha. Daktari kasema vinaharibu moyo wa mtoto, na kichwa."

"Huyo huyo daktari aliyesema krimu yangu ni sumu?"

"Huyo huyo."

"Toka kwenye vitu vyangu."

Nimempigia Arcade. Simu haipatikani. Barabara ya Karema imekatika, wanasema magari yamelala njiani. Nimempigia Mama.

18 Februari

Mama kafika saa tatu, amepanda boda kutoka Katumba kwenye mvua, matope mpaka kiunoni. Hata maji ya kunawa hakuyataka. Alikaa kitandani kwa Monika, akaufunga mlango. Mimi nilisimama ukumbini.

Nilimsikia Mama anasema, "Mwanangu, mimi nimezika wawili. Twende tu wakaangalie. Wakisema ni uongo, nitamfukuza Odeta hapa mbele yako."

Halafu Monika kafungua mlango. Uso wake umevimba kwa kulia.

"Naenda," kaniambia. "Lakini niapie. Najua umempiga picha Immaculata, alimwambia mtu. Niapie hutapeleka popote. Niapie hapa, mbele ya mama yako."

Nikaapa. Wakati naapa nilijua naongopa, na sikuona haya hata kidogo.

Daktari amemwambia yale yale aliyoniambia. Amevichukua vidonge. Amemwambia mimba bado changa, kameza siku chache, lakini hakuna kipimo cha kumwambia leo kwamba mtoto yuko salama. Atafuatiliwa, ataangaliwa kwa mashine kila atakapoitwa. Amesema pia aache kupaka kila kitu cha kopo, anawe tu na apake mafuta yasiyo na harufu. Monika akauliza kwa sauti ndogo, "Na chunusi?" Daktari akasema, "Chunusi zitakungoja."

Njia nzima ya kurudi alimshika Mama mkono. Mimi nilitembea nyuma.

26 Februari

Mvua imepungua. Monika hajagusa boksi la vikopo, ila hajalitupa pia.

4 Machi

Nimemwona anatoa vikopo kwenye boksi, anavifuta vumbi, anavipeleka kwenye fremu. Vile vile, mwandiko ule ule. Nilimfuata mpaka sokoni.

"Unauza tena?"

"Nitaishije? Mtoto anakuja."

"Na wanaopaka wana watoto pia."

"Uliapa, wifi."

"Niliapa."

5 Machi

Asubuhi mimi, Immaculata na Marta tumekwenda kwa wakaguzi wa dawa na vipodozi. Immaculata kavua mtandio mlangoni kabla ya kuulizwa. Nimeweka picha zote mezani, na kopo langu la Novemba. Wameandika, wametusikiliza, wamechukua kopo.

14 Machi

Wamekuja wakati wa ufunguzi. Sikuwapangia siku, ila sitasema nilisikitika. Puto zilikuwa zimefungwa, keki ipo, muziki upo. Watatu, wapole, wenye mafaili. Wamebeba maboksi yote, wameifunga fremu kwa kufuli, wamemtaka afike ofisini. Watu walisimama na vipande vya keki mkononi.

Monika alinitafuta machoni katikati ya watu mpaka akanipata. Nilivua kofia ili anione vizuri.

Nilikuwa nimeungoja huo wakati tangu Desemba. Ulikuwa mtamu. Nitakuwa mwongo nikiandika vinginevyo. Ulikuwa mtamu kama dakika tano hivi, mpaka alipokaa chini kwenye sakafu mpya akashika tumbo, na mimi nikajikuta namwita Marta alete maji.

16 Machi

Barabara imefunguka, Arcade karudi. Alisikiliza yote, ya vidonge na ya wakaguzi.

"Umemwokoa mtoto wangu, nakushukuru," kasema. "Umemwangusha mke wangu mbele ya Mpanda nzima baada ya kuapa. Hilo siwezi kukaa nalo nyumba moja. Tafuta chumba."

Nilimuuliza kama alisema neno lolote kumtetea dada yake siku ya wageni, mkewe aliponikana. Akachukua funguo za Fuso akatoka. Nimefunga mizigo.

20 Machi

Chumba Kawajense, bati linavuja kona moja. Nimetundika kioo. Leo jioni ni zamu ya retinol: mafuta, punje ya njegere, mafuta. Haichomi.

2 Aprili

Madoa yanafifia polepole, kama daktari alivyosema, bila miujiza. Mzee Sixte kanipiga picha akaniambia hii hatuisafishi. Immaculata kakubali kwenda kwa Daktari Maduhu.

8 Aprili

Celestin kapiga simu. Kaona picha yangu mahali. Anasema shangazi yake alikosea, wako tayari kuja tena, mvua zinaisha. Nilimuuliza siku ile alikuwa anasoma nini kwenye chupa ya soda. Kasema hakumbuki. Nikamwambia akikumbuka asinipigie. Nililala usingizi mzuri sana.

24 Aprili

Hakuna mvua sasa kwa siku nyingi, umande tu. Wanavuna karanga Kasokola, magunia yanapita barabarani.

Monika kaja. Nilikuwa naanika nguo. Tumbo limeanza kuonekana. Hana vipodozi usoni, chunusi zipo, ngozi inang'aa mafuta ya kawaida. Alisimama kwenye kamba ya nguo kama mgeni asiyejua atasalimia nani.

"Nimetoka kupimwa," kasema. "Wameangalia kwa mashine. Mpaka sasa hawajaona tatizo. Wanasema nirudi mwezi ujao, wataangalia moyo vizuri zaidi."

"Nimesikia."

"Walinitoza faini. Nafanya vitumbua sasa."

Niliendelea kuanika. Akasema, bila kuniangalia, kwamba mkorogo alifundishwa na mwanamke wa Tabora, kwamba yeye mwenyewe alijaribu mkononi na haukumchoma, kwamba siku ya wageni alipoona uso wangu alijua, na aliogopa nikimtaja Arcade atamrudisha kwao, maana hakuwa na mtoto wa kumshikilia pale. Hakusema samahani. Labda ndiyo ilikuwa hiyo. Sikumsaidia kuitafuta.

Alipofika getini akageuka.

"Wifi, akizaliwa utakuja kumpokea? Kwenu shangazi ndiye anampokea."

"Yeye nitampokea," nimesema. "Wewe bado."

Akatikisa kichwa kukubali, akafunga geti taratibu. Nimeanika shuka ya mwisho.